Miaka Thelathini na Mitano ya Kukata Mabusu

Baada ya miaka thelathini na mitano ya kutukinga na mabusu, mkaguzi wetu mkuu wa filamu, ambaye ofisi nzima humwita Bwana Mkasi, anastaafu rasmi tarehe 30 Juni. Kuanzia Julai mosi, taifa litajilinda lenyewe.

Alianza kama karani wa chumba cha maonyesho, akapanda cheo kwa bidii ya macho. Kila kosa alilitazama mara nne ili ajiridhishe. Filamu moja ya mapenzi iliingia mezani kwake ikiwa ya saa mbili, ikatoka na dakika kumi na tisa, zote za milima. Katika filamu ya ufugaji aliwahi kukata njiwa wawili.

Kazi aliipeleka hadi nyumbani. Watu wakisogeleana kwenye televisheni, alisimama mbele yake na koti amelitanua. Shemeji yetu, mkewe, aliyependa vichekesho kuliko chakula, alichoka, akaacha kucheka. Mwaka jana akafunga virago, akasema mwisho wa mwezi anahamia kwa dada yake. Bwana Mkasi akakonda, sote tulimwona.

Ndipo ikaja filamu iliyotokana na kile kichekesho cha kale cha jukwaani: tajiri mzee, mke kijana, na wanaume watatu chini ya kitanda kimoja, kila mmoja akidhani yuko peke yake. Wakiwa wachumba, Bwana Mkasi na shemeji waliutazama mchezo huo ukumbini, na shemeji alicheka hadi kiatu kikamtoka. Kamati ya ukaguzi ikaagiza filamu ikatwe mahali ishirini na tatu, kitanda kikiwemo. Bwana Mkasi akamleta shemeji ofisini, akamkalisha kwenye kiti cha mwenyekiti, akaiwasha filamu kabla hajaikata. Wa katikati alipopiga chafya na wa pembeni akamtakia afya, shemeji akacheka. Alicheka huku amemshika mumewe bega, na mumewe akafuta machozi kwa fomu ya kamati.

Filamu ikapita nzima. Wakubwa wakadai maelezo kwa maandishi. Akaandika maneno matatu: "Mke wangu amecheka." Wakampongeza kwa kumstaafisha miezi minane kabla ya siku yake.

Shemeji akafungua virago; hakwenda kokote.

Asante, mkubwa wetu, kwa utumishi wako. Kwa ile filamu moja tumekuonea fahari. Shemeji, huyo tumekurudishia. Mzeeke pamoja kwa kelele, hadi majirani waje kulalamika.