Claudette Alivyoitiwa Mchezo wa Kuchekesha

Hapa Nyamirambo, mbele ya cherehani yangu, kuna benchi la kahawa, na asubuhi hiyo hakuna aliyetulia. Mzee Révérien aliinuka, akakaa, akainuka tena, akiuangalia mlango wa nyumba yake ng'ambo ya barabara. Binti yake Claudette ndiye yule wa filamu za historia na siasa. Miaka tisa ameigiza mama wa mfalme, mjane wa waziri, mkimbizi aliyepoteza watoto, na kila mara anatutoa machozi sote. Sasa ameitiwa mchezo wa kuchekesha. Saa sita mchana anajaribiwa. Ameapa kwamba kazi ya kulia hapokei tena, kwa hiyo akikosa hii, basi, uigizaji umekwisha.

Rugamba, mwenzetu wa benchi, tunamwita Waziri kwa sababu aliwahi kuendesha gari la waziri. Alidai wakubwa serikalini hawatakubali: mama wa mfalme akianguka kwenye ndoo ya unga, nchi itaonekanaje? Kenny wa pikipiki akasema si hivyo, sha, rafiki yangu, wazungu wa matamasha ya filamu wameshanunua machozi yake ya miaka kumi ijayo, mkataba uko. Waziri hapendi kushindwa uongo. Akasema kuna daktari kule Kicukiro alimpima akakuta mshipa wa kucheka umekauka. Na mimi, Mungu anisamehe, nikauliza daktari gani.

— Nyamazeni, alisema mzee. Huyo ni mtoto wangu.

Kwenye kona ya benchi alikaa mgeni, Flaviana, Mtanzania aliyetumwa na watu wa filamu kumchukua Claudette. Muda wote alitusikiliza tu.

— Samahani baba, alimwambia mzee. Nyumbani huwa anachekaje?

Waziri akainamia kikombe. Kenny akapapasa mfuko kutafuta ufunguo. Mimi nimemshonea Claudette nguo tangu shule ya msingi, na niliona aibu, maana sikukumbuka.

— Alikuwa anacheka mpaka anakaa chini, mzee alisema. Mimi ndiye nilimkataza. Nilimwambia, watu wanakuita mama wa mfalme, usichekecheke barabarani.

— Lini hiyo?

— Ile filamu ya kwanza.

Mlango ukafunguka. Claudette akavuka barabara, akatusalimia mmoja mmoja, macho chini. Mzee akamshika mkono. Sote tulijua anataka kumwambia acheke apendavyo.

— Funga vizuri kitenge, alisema. Watu wanakuangalia.