Fimbo Iliyo Juu ya Jeneza la Idwal Pugh

Huu ni wasifu wa marehemu Idwal Pugh, unaosomwa na binti yake Mererid katika stesheni ya Llanfrwyn, Jumamosi tarehe 22 Novemba 2014, kabla treni haijampandisha hadi makaburi ya kanisa la Hebron. Marehemu mwenyewe aliagiza usomwe hapa chini, si kule juu, na akaagiza usipambwe. "Msinifanye malaika," alisema. "Watu wa Llanfrwyn wana kumbukumbu ndefu, na wengine wana makovu." Mnaiona fimbo ya njia iliyolazwa juu ya jeneza lake. Bila fimbo hiyo mkononi mwa dereva, hakuna treni inayoruhusiwa kuingia kwenye njia yetu hii moja, maana fimbo ni moja tu ili treni mbili zisikutane, na marehemu alitaja mtu mmoja tu wa kuiondoa hapo. Mtu huyo amekuja. Ameketi benchi la mwisho, karibu na tangi la maji, na hajamwambia mtu kama ataiondoa au hataiondoa.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1931 huko Bwlch-y-Garn, mwisho wa reli, akiwa mtoto wa kwanza wa mzee Griffith Pugh, mpasua mawe wa machimbo, na mkewe Lowri. Upepo wa siku hiyo uling'oa paa la zizi na kumwua ng'ombe wa jirani, na bibi Lowri alipenda kusema kwamba mtoto alitoka amekunja ngumi, kana kwamba yeye ndiye aliyeling'oa. Mdogo wake, Tegwyn, alizaliwa mwaka 1935. Mwaka 1938 baruti ililipuka machimboni kabla ya wakati wake, na kilicholetwa nyumbani cha mzee Griffith kilienea kwenye gunia la viazi. Idwal, mtoto wa miaka saba, alimshika mdogo wake mkono mbele ya waombolezaji akasema, "Atakayemgusa huyu, nitamvunja." Ahadi hiyo aliitimiza kwa miaka ishirini na mitano, kisha akaivunja yeye mwenyewe. Tutafika huko.

Masomo yake aliyapata katika shule ya kijiji, hapa Llanfrwyn, kuanzia 1936 hadi 1945. Mwalimu wa wakati huo alipenda kiboko kuliko chaki. Siku moja Tegwyn alijibu hesabu kwa Kiwelshi, lugha ya mama yake iliyokatazwa darasani, na kiboko kikainuliwa. Idwal alikidaka kikiwa hewani, akakivunja gotini, akakitupa ndani ya jiko la darasa. Alichapwa kwa mkanda mpaka damu ikalowa suruali. Jioni alipanda treni ya mawe kurudi nyumbani, akasimama njia nzima.

"Wee mtoto wa Griffith," mshika breki alimwuliza, "mbona hukai?"

"Nimependa kusimama."

"Basi simama hapa mbele, ushike breki. Anayependa kusimama tuna kazi naye."

Ndivyo alivyoingia kwenye reli. Aliajiriwa rasmi tarehe 1 Mei 1946 kuosha injini, akapanda kuwa mtia makaa mwaka 1951, na dereva mwaka 1957. Wageni wetu wanaokuja majira ya joto kupiga picha maporomoko ya maji na daraja la Pont-y-Ddraenen wasidhani reli hii ilijengwa iwe picha ya kalenda. Ilijengwa iteremshe mawe ya kuezekea nyumba za watu wa mbali, na ilikula watu. Mwaka 1953 mnyororo ulikatika kule juu, magari ya mawe yakateremka peke yake, na rafiki yake Cadfan, aliyekuwa akifunga kiungo, akasagwa baina ya magari mawili. Marehemu ndiye aliyemtoa, vipande kwa vipande, huku akimtukana Mungu kwa sauti, na mchungaji aliyesimama pale hakumkataza.

Mkewe, Nest Vaughan, alikutana naye kwenye maonyesho ya mji wa Dolgellau, nje ya hema la ndondi ambamo mwanamume yeyote aliweza kuingia ulingoni na bondia wa kulipwa. Idwal aliingia, akatoka pua imelala upande wa kushoto, upande ilikobaki mpaka leo. Nest alikuwa akiuza chai. Alimpa kitambaa cha kufutia vikombe.

"Umeshinda au umeshindwa?"

"Nimesimama, huoni?"

"Hata kigingi cha mbuzi kimesimama."

Walifunga ndoa tarehe 12 Julai 1958 katika kanisa la Hebron, na msimamizi wao alikuwa Tegwyn. Mungu aliwajalia watoto wawili, Mererid na Rhodri.

Sasa tuje kwenye mwaka 1963, ambao kila mtu hapa anausimulia na kila mtu anaukosea. Machimbo yalikuwa yamefungwa, na mwezi wa Septemba reli nayo ikafungwa. Marehemu aliendesha treni ya mwisho. Badala ya kuirudisha fimbo ya njia ofisini, aliiweka begani kama jembe akaenda nayo nyumbani. Mwezi wa Novemba wakaja wanunuzi wa chuma chakavu kung'oa reli, wakiongozwa na nyapara mmoja aliyeitwa Roper, mtu mwenye shingo pana kuliko kichwa. Mpango wao ulikuwa treni ipande hadi Bwlch-y-Garn, kisha irudi taratibu huku watu wakizing'oa reli nyuma yake. Dereva waliyemwajiri alikuwa Tegwyn. Mkewe Gwladys alikuwa mjamzito, na kazi nyingine haikuwepo bondeni.

Idwal alimkuta dukani. "Unaenda kumchuna ng'ombe aliyekunyonyesha," alimwambia.

"Ng'ombe amekufa, kaka. Mwanangu ndiye anayekuja kunyonya."

Asubuhi iliyofuata mvuke ulipanda, Roper akapunga mkono, na treni haikusogea.

"Fimbo iko wapi?" Tegwyn aliuliza.

"Fimbo gani?"

"Fimbo ya njia. Bila fimbo siingii."

"Reli imekufa, bwana! Utagongana na nani huko juu? Na kondoo?"

"Sijui. Ndiyo sababu ikawekwa fimbo."

Akateremka, akaenda kunywa chai. Roper aliita dereva mwingine wa bonde hili, kisha mwingine, na wote wakasema vilevile. Mgeni anaweza kucheka. Sisi tumefundishwa tangu utotoni kwamba dereva anayeingia bila fimbo ni muuaji ambaye hajapata maiti yake bado, na hakuna aliyetufundisha kwamba sheria hiyo inakufa reli ikifa.

Ijumaa ya wiki hiyo watu wanne walifika nyumbani kwa marehemu. Walianza na banda la kuku. Walilivunja kwa nyundo, wakawakanyaga kuku, wakafumua matandiko na kinyesi. Marehemu alitoka na sepetu. Alimpasua wa kwanza paji la uso, akamng'oa wa pili meno, na hapo wakamzidi nguvu wakambana kwenye ukuta wa mawe. Roper aliuweka mkono wa kulia wa marehemu juu ya ukuta, akamwuliza fimbo iko wapi. Kwa kila "sijui" aliyoitamka, nyundo ilishuka. Nest alitoka jikoni na sufuria la maji ya kufulia yanayochemka, akammwagia aliyekuwa karibu, na yule mtu alikimbia akipiga mayowe mpaka mtoni. Fimbo muda wote huo ilikuwa chini ya godoro la kitanda cha mtoto, na anayesoma wasifu huu alikuwa ameilalia. Hakulia. Mama yake husema ndiyo mara pekee maishani aliyowahi kunyamaza kwa wakati unaofaa.

Kabla ya kuondoka, Roper alijifuta damu akasema, "Kamshukuru mdogo wako. Yeye ndiye aliyetuambia tutazame bandani kwa kuku."

Roper na wenzake walifungwa. Wanunuzi wa chuma hawakupata dereva, wakachoka, wakaenda kubomoa mahali pengine. Reli ikabaki. Lakini maneno yale yalikuwa yameshaingia, na hasira hasara. Jumapili moja ya Desemba, watu wakitoka ibadani Hebron, marehemu alisimama getini, mkono wa kulia umefungwa plasta na wa kushoto umeshika fimbo hii mnayoiona. Tegwyn alitoka amezamisha mikono mifukoni mwa koti.

"Toa mikono upigane!"

"Sipigani na wewe, kaka."

"Toa mikono, msaliti!"

Hakuitoa. Marehemu alimpiga begani mfupa ukalia, akampiga taya, na Tegwyn alipoanguka kwenye theluji aliendelea kumpiga, mpaka wazee wa kanisa wakamvuta kwa nguvu huku Gwladys akiwa amemlalia mumewe na tumbo lake. Pale penye kichwa cha shaba cha fimbo pana mbonyeo. Watalii huambiwa ulitokana na ajali ya treni. Si kweli. Ulitokana na taya la ndugu yake.

Tegwyn alipopona alihamia bonde la pili. Tangu siku hiyo hawakusemezana, wala Tegwyn hakukanyaga tena stesheni hii mpaka leo. Wahenga walisema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime, wakipatana chukua kapu ukavune. Basi sisi wa bonde hili tumelima miaka hamsini na moja.

Mwaka 1971 wapenzi wa reli walijitolea kuifufua, na marehemu akarudi kuwa dereva wao hadi mwaka 1998, akiendesha kwa mkono wa kushoto. Wageni walipanga foleni kumpiga picha. "Huyu ndiye aliyeiokoa reli peke yake," waliambiwa, naye hakuwahi kuwasahihisha. Alikuwa mkali kwa vijana, mpole kwa injini, na kila Jumamosi alikuja na mkate wa zabibu wa Nest, akiukata kwa kisu kilekile alichokwangulia grisi. Aliyelalamika hakupewa.

Vumbi la mawe na la makaa lilimlipa mwaka 2013. Mapafu yake yaliziba, akawa anakohoa damu. Mwanzoni mwa mwezi huu Mererid, bila ruhusa yake, alivuka mlima kwenda kwa baba yake mdogo kumpa habari. Tegwyn alimmiminia chai, na hapo Mererid akaliona kovu kwenye kiganja chake, pana, lenye umbo la komeo.

"Baba mdogo, hiyo nini?"

"Mlango wa tanuru la injini."

"Ajali?"

"Ajali gani! Roper alinishika kifundo, mwenzake kiwiko. Walitaka niseme fimbo iko wapi. Walipokigandisha kiganja mlangoni mara ya kwanza, nilinyamaza. Mara ya pili nikasema banda la kuku. Nilisema tu lililonijia mdomoni, mwanangu. Ningesema hata mbinguni."

Kumbe mikono ilikuwa mifukoni siku ile kwa sababu mmoja ulikuwa umefungwa bandeji.

"Mbona hukumwambia baba?"

"Angeniuliza ningemwambia. Hakuuliza. Alipiga."

Mererid alirudi akamweleza marehemu kila neno. Marehemu aliutazama mkono wake wa kulia uliopinda, kisha akaupiga ukutani, akaupiga tena na tena, mpaka ngozi ikachanika na muuguzi aliyemhudumia nyumbani akaja mbio. Alilia kwa sauti, na familia yake haikuwahi kumwona akilia kabla ya hapo.

"Nilimpiga mtu aliyeungua kwa ajili yangu," alisema. "Na reli ni yeye aliyeiokoa. Mimi niliificha fimbo tu. Yeye ndiye aliyekataa kuingia bila fimbo, na mtoto yuko tumboni mwa Gwladys."

"Tumwite aje?"

"Mumwite? Aliyekosa ndiye anayekwenda. Nivalisheni viatu."

Walimvalisha. Alifika mlangoni, akaishiwa pumzi. Kesho yake alijaribu tena, na hakufika hata mlangoni. Alifariki Jumatatu tarehe 17 Novemba 2014, nyumbani kwake, viatu vikiwa miguuni, maana alikataa kuvuliwa. Amelazwa navyo ndani ya jeneza hili.

Marehemu ameacha mjane, Nest, watoto, Mererid na Rhodri, wajukuu, Lleucu na Macsen, shemeji, Gwladys, na ndugu mmoja, Tegwyn Pugh.

Baba mdogo Tegwyn, haya ya mwisho ni maneno yake, yaliyoandikwa kama alivyoyatamka: "Fimbo iwekwe juu yangu. Asiiguse mtu ila Tegwyn. Akitaka, ampe dereva. Asipotaka, ana haki, na mimi nizikwe hapahapa stesheni, watu wanikanyage wakishuka." Dereva ameshatia makaa. Ni mtoto wa bonde hili, kwa hiyo unajua hataingia bila fimbo. Baba alitaka kuja kwako, na hapa ndipo miguu yake ilipofikia. Apumzike kwa amani, baba mdogo, ukimruhusu aondoke.