Wakwe wa Sinema

Kijiwe chetu ni benchi moja refu mbele ya kibanda cha kahawa cha Thangaiah, hapa Karaikudi, kusini mwa India, mtaa wa majumba ya zamani yenye nguzo nene kuliko watu wanaoishi ndani. Anayechelewa anakalia kreti la soda. Ijumaa ile hakuna aliyechelewa. Alikuwepo Hakimu, ambaye hajasomea sheria hata siku moja ila ameshtakiwa na ndugu zake wote kwa zamu. Alikuwepo Sinema, aliyekuwa akizungusha mikanda ya picha kabla ukumbi haujageuzwa ghala la mchele. Alikuwepo Baridi, anayejifunga skafu kichwani hata jua likiwa la utosi. Na mimi, fundi baiskeli, ambaye kibanda changu kinatazamana na malango mawili yaliyotuletea kizaazaa chote cha asubuhi ile. Thangaiah alikuwa akimimina kahawa kutoka juu, mkono mmoja usawa wa bega, mwingine usawa wa kiuno, na kwa mara ya kwanza alimwaga.

— Tuanze upya, alisema Hakimu. Nani kaingia kwa nani?

— Acha haraka, alisema Sinema. Nyumba mbili, ukuta mmoja katikati. Huku Vairavan, kule Solaiyappan. Watoto wa mtu na kaka yake.

— Hawasemeshani tangu wagawane nyumba ya babu yao.

— Tangu bembea, Baridi alimsahihisha. Nyumba waligawana vizuri tu.

Hilo la bembea ni kweli. Babu yao aliacha bembea ya msaji iliyoning'inia ukumbini kwa minyororo, na kila mmoja aliitaka. Mwishowe waliita seremala, akaipiga msumeno katikati. Nusu iko kwa Vairavan kwa mnyororo mmoja, nusu iko kwa Solaiyappan kwa mnyororo mwingine. Hakuna aliyewahi kuikalia tena, maana ukiikalia inakumwaga.

— Haya, leo Vairavan alikuwa anasubiri wageni wa kutoka Dindigul, waje kumtazama binti yake, Sinema aliendelea. Na leo hiihii Solaiyappan kawakodishia nyumba watu wa picha. Wanatengeneza picha ya kuchekesha.

— Inahusu nini?

— Familia mbili zinazogombana, halafu posa inaingia nyumba siyo.

Baridi kahawa ikampalia. Tulimpiga mgongoni.

— Hiyo chai, kaka, alisema alipopata pumzi.

— Mimi nauza kahawa tu, alisema Thangaiah bila kugeuka.

— Si chai, si uongo! alisema Sinema. Muulize fundi, yeye alikuwepo.

Kweli nilikuwepo. Nilikuwa nimempelekea Vairavan baiskeli ya nyumbani kwake, nikazuiwa na mkewe nile kwanza. Mlango wao ulipambwa kwa migomba miwili na kamba za maua, mpaka kizingiti kilikuwa hakionekani. Kwa Solaiyappan mafundi wa picha walikuwa bado wanavuta nyaya. Basi waigizaji waliposhuka kwenye gari lao, wamebeba sahani za tambuu, nazi na maua ya asumini, wakamuuliza kijana mmoja wa nyaya, "Waposaji tunaingilia wapi?" Akawaambia, "Penye maua." Wakaingia penye maua.

— Na Vairavan hakushtuka?

— Ashtuke nini? Wageni aliowasubiri wamekuja na sahani walizotakiwa kuja nazo. Aliwakumbatia. Wakaketishwa mkekani, wakaletewa bajia za ndizi na kesari, halua ya korosho. Yule mzee anayeigiza baba wa bwana harusi alitazama huku na huku, akaninong'oneza, "Kampuni hii inatumia hela, bwana. Chakula cha kweli!"

— Ukamwambiaje?

— Nilikuwa natafuna.

Hakimu alinitazama kama shahidi aliyenunuliwa.

— Halafu mzee akaanza maneno yake aliyokaririshwa, nikawaambia. Alisimama, akafungua mikono hivi. "Ndugu yangu! Hatutaki dhahabu. Hatutaki pikipiki. Hatutaki hata friji. Tunataka binti tu!"

Kwetu mahari hutoka upande wa binti. Kila mmoja wetu ana binti au dada, na hakuna aliyewahi kuyasikia maneno hayo kwa masikio yake.

— Vairavan alifanyaje? aliuliza Baridi kwa sauti ndogo.

— Alikaa chini. Si kwenye mkeka, chini kabisa, sakafuni. Mkewe akalia jikoni mpaka bajia zikaungua.

— Na wale wa Dindigul wenyewe?

Hapo Sinema hakukubali nisimulie. Yeye alikuwa upande wa pili, amejipenyeza kwa Solaiyappan kutazama kamera, na alikuwa ameisubiri zamu yake.

— Wa Dindigul walifika nusu saa baadaye. Wakaona nyumba ina taa kubwakubwa, watu wengi, miavuli. Baba mtu, mwenye kinu cha mafuta ya ufuta, akamwambia mkewe, "Umeona? Hawa ni watu wazito, wanapiga picha wageni wao." Wakaingia. Mwongozaji akawafokea, "Mmechelewa! Pakeni poda!" Wakapakwa poda, wote, mpaka shangazi.

— Wakakubali?

— Mtu ukifika ukweni utakataa poda? Mara akatokea jitu moja limeshika panga la mbao, likamwambia baba mtu, "Toka hapa, mwizi wa kuku wewe!"  Mzee wa watu machozi yakamtoka kweli. Akavua kandambili, akainyanyua. Mwongozaji akaruka kwenye kiti: "Kata! Safi sana, mzee! Rudia, lakini kandambili iende juu zaidi!"

Thangaiah aliweka birika chini ili acheke vizuri.

— Sasa nani aligundua? aliuliza Hakimu.

— Ukuta ule hauzuii sauti, nilisema. Upande wetu mzee alikuwa bado anasema hatutaki dhahabu, ilikuwa mara ya tatu, maana aliona watu wanafurahi. Mwongozaji akayasikia maneno ya picha yake yanatoka jirani. Akamtuma Solaiyappan achungulie. Solaiyappan akapanda ngazi, kichwa kikatokea juu ya ukuta, macho kwa macho na Vairavan.

— Mungu wangu. Wakasemaje?

— Solaiyappan akasema, "Vairavan, wakwe zako wako kwangu." Vairavan akamjibu, "Na waigizaji wako wamemaliza kesari yangu."

— Basi wamepatana! alisema Baridi.

— Wamepatana wapi? Hayo ni mashtaka na utetezi, alisema Hakimu. Nisikilizeni mimi. Huu ni mpango. Solaiyappan aliijua siku ya posa. Mtaa mzima uliijua. Akaenda mwenyewe kuwaita watu wa picha ili amwaibishe ndugu yake. Ningekuwa mimi ndiye Vairavan, leo jioni hati ingekuwa mezani.

— Wewe kila kitu hati, alisema Baridi. Ni yule mshenga aliyeileta posa. Kawauzia posa moja watu wawili: kawauzia Dindigul, kawauzia watu wa picha. Nilimwona juzi amevaa saa mpya.

— Nyote mmelala, alisema Sinema, akasogea mbele ya benchi. Hamuijui picha nyie. Kamera zilikuwa kwa Vairavan pia. Zimefichwa. Kwenye migomba. Ile ya Solaiyappan ni geresha. Picha yenyewe ni Vairavan akikaa sakafuni. Mtu hulipi mwigizaji alie vile, hapatikani.

— Acha wewe.

— Na haikuishia kule. Picha ya familia zinazogombana lazima iwe na wazee wa kijiweni wanaosengenya. Kila picha inao. Mnadhani wazee hao watawatoa wapi?

Tukatazamana. Baridi aliiweka skafu yake sawa. Hakimu aliingiza tumbo ndani, akaanza kuongea kwa sauti ya redioni.

— Mimi binafsi, alisema akiutazama mwembe wa jirani, nimekuwa mtu wa haki siku zote.

— Toka hapa, Thangaiah alimwambia. Mwembe hauna kamera, una kunguru.

Tulicheka, kisha kicheko kikaisha chenyewe, kwa sababu Baridi alisema jambo ambalo kila mtu alikuwa amelizunguka.

— Lakini binti ndiye aliyeharibikiwa.

Hakuna aliyebisha. Mama wa Dindigul alikuwa ameshamburuta mwanawe mpaka stendi, poda bado usoni, akiapa kwamba nyumba inayowaita watu wezi wa kuku haitamwona tena. Baba mtu ndiye aliyebaki. Mwongozaji alimwambia hajawahi kuona kilio kama kile, na kesho kuna sehemu ya mahakamani inayohitaji mzee wa kulia. Mzee alikubali papo hapo. Kinu cha mafuta atakiangalia mkewe. Lakini posa imevunjika mchana kweupe, mtaa ukiona, na katika mtaa wetu hilo likitokea, familia inayofuata inauliza kwanza kwa nini ile ya kwanza ilikimbia.

— Watasema ana kisirani, alisema Hakimu, safari hii kwa sauti yake ya kawaida.

— Wameshasema, alisema Baridi. Mke wangu kasema.

Tulikuwa hapo wakati kijana mmoja mwembamba alipovuka barabara, akaomba kahawa, akakalia kreti. Shati lake lilikuwa la kawaida, lakini juu ya mdomo alikuwa na utando wa gundi uliokauka upande mmoja. Sinema alinifinya paja.

— Wewe si yule bwana harusi? nikamuuliza.

— Wa picha, mjomba. Wa uongo.

— Ndiye huyu! alisema Sinema. Na mlikula vile bila haya?

— Niliambiwa niingie, nikae, niangalie chini. Nikafanya hivyo. Yule binti alipoleta sinia la kahawa nilidhani naye ni mwigizaji. Nikasema moyoni, huyu dada anajua kazi, hatetemeshi hata kikombe.

— Halafu?

— Aliinama kunipa kikombe, akaninong'oneza, "Sharubu lako linabanduka. Usiliguse, baba ana furaha."

Kahawa ya Hakimu ilibaki njiani, haikufika mdomoni.

— Alijua?

— Tangu sinia la kwanza, mjomba. Bwana harusi wa Dindigul picha yake alikuwa ameshaonyeshwa, na hakumtaka. Ila hakunyamaza kwa ajili hiyo. Wakati wenzangu wanafukuzwa, nilibaki nyuma nikamwomba radhi. Nikamuuliza mbona hakupiga kelele. Akasema, "Baba hucheka na wageni kwa adabu tu. Leo amecheka kweli. Nikaona acha amalize." Kisha akaniuliza kama zile bajia zilikuwa na chumvi ya kutosha, maana alizikaanga mwenyewe.

— Zilikuwa nayo? aliuliza Baridi.

— Hazikuwa nayo. Nikamwambia. Akacheka.

Kijana alizungusha kikombe chake mikononi. Masikio yalikuwa mekundu.

— Nyie ni wa hapa, alisema. Naomba kuuliza kitu kimoja.

— Uliza! alisema Hakimu, akapanua kifua. Mtaa huu hakuna tusichokijua.

— Anaitwa nani?

— Binti Vairavan, Hakimu alijibu palepale.

— Ndiyo, mjomba. Jina lake.

Hakimu alimtazama Sinema. Sinema alimtazama Thangaiah, ambaye ghafla alikuwa na sufuria la kusugua. Baridi alifumba macho kama mtu anayesoma kitu kwa mbali. Mimi baiskeli yake naijua: ya bluu, kengele haifanyi kazi, gurudumu la nyuma hupoteza upepo. Nimeitia upepo tangu alipokuwa akienda shule na nywele za mikia miwili. Kila mara nilimwambia, "Haya mwanangu, nenda," naye alisema asante na kwenda.

— Meena kitu fulani, alisema Baridi.

— Huyo ni shangazi yake, alisema Sinema.

Kijana alisubiri kwa adabu. Alitupa muda wa kutosha, zaidi ya tulivyostahili. Kisha alimaliza kahawa, akarudisha kikombe, akajifuta gundi kwa kiganja mpaka mdomo ukawa mwekundu.

— Basi nitamuuliza mwenyewe, alisema.

Akavuka barabara, akasimama mbele ya kizingiti cha Vairavan, akavua viatu. Sisi wote tuliinamia vikombe vyetu, ambavyo vilikuwa vitupu kitambo.