Mwalimu Burkhard Entzlin, Mtu wa Mtaguso

Majirani wa Basel na nyote mliosimama nasi kwenye baridi hii, naitwa Lienhart Sulger, mkwe wa marehemu, na familia imeniomba nisome mimi kwa sababu mke wangu Elsbeth hawezi.

Mwalimu Burkhard Entzlin alizaliwa Rheinfelden tarehe 11 Novemba 1393, mtoto wa nne wa fundi mapipa, akasoma Kilatini kwa mapadre wa mji huo, kisha mwaka 1411 akaenda Chuo cha Heidelberg kusomea sheria za Kanisa, ambako alilishwa uji wa shayiri miaka mitatu na hakuupenda hata siku moja.

Mwaka 1414 alipata kazi ya ukarani kwenye Mtaguso wa Konstanz, ule mkutano mkuu wa maaskofu, wakati Kanisa lilikuwa na mapapa watatu waliotengana na kulaaniana, na mwaka uliofuata Papa aliyeuitisha Mtaguso huo alipotoroka mjini kwa kujibadilisha mavazi, wenye maduka walianza kufunga mizigo, Burkhard naye akafunga wake, lakini maaskofu na walimu walibaki, wakatamka kwamba Mtaguso umepewa mamlaka na Kristo mwenyewe na kwamba hata Papa anapaswa kuutii, na Novemba 1417 Kanisa likapata Papa mmoja. Burkhard akafungua mzigo wake, na tangu hapo hakuna aliyeweza kumshawishi kwamba Papa hana wa kumhoji.

Mwaka 1418 alimwoa Verena Amstad, wakajaliwa Elsbeth, Jost na Klaus, na Verena alipofariki kwa homa mwaka 1430 hakuoa tena, akapewa upadre, akaingia katika Mtaguso uliokutana hapa kwetu Basel, akiwa mwalimu wa sheria mwenye haki ya kupiga kura. Jost alijiunga na watawa Wadominikani wa Kolmar, baadaye akawa padre.

Tarehe 25 Juni 1439, tauni ikiwa imeshaingia mjini na maaskofu wengi wakiwa wameshaondoka, Mtaguso ulimvua madaraka Papa wa wakati huo, aliyekataa kuutii, na baba mkwe wangu alikuwa miongoni mwa waliosema ndiyo. Klaus alifariki kwa tauni tarehe 19 Julai, akiwa na miaka kumi na mitano. Jost alikuja kuzika, akasimama mlangoni, akasema mbele ya majirani, na baadhi yenu mlikuwepo, "Baba, mmemwangusha Papa, na Mungu amemwangusha Klaus. Umeridhika?" Baba yake alimwambia, "Rudi Kolmar," naye akarudi, na hawakuonana tena kwa miaka kumi na moja.

Mtaguso ulifukuzwa hapa mwaka 1448, ukahamia Lausanne, ukajivunja mwaka uliofuata, na wenzake wengi wakaapa kwamba Papa yuko juu ya Mtaguso wowote, wakarudishiwa vyeo vyao. Burkhard yeye alisema atamtii Papa kama Mkristo yeyote, ila hataapa kwamba Mtaguso ulikuwa uongo, hivyo akakatazwa kuadhimisha Misa, akahamia kwetu, kwenye kiwanda chetu, akawa anachambua matambara ya kutengenezea karatasi pamoja na wanawake, ambao walimwita Baba Askofu kwa utani, naye akiitika.

Oktoba iliyopita miguu ilianza kuvimba, pumzi ikawa fupi, na ilipofika Januari hakuweza kulala chali. Paroko alifika mara mbili, akasema bila kiapo hakuna mafuta matakatifu wala kaburi kwenye uwanja wa kanisa, akaondoka. Elsbeth hakutuomba ushauri, alimtuma mtu Kolmar.

Jost aliingia na theluji mabegani, akakaa kitandani, akasema, "Baba, ni neno moja tu. Liseme nikupake mafuta."

"Kule Konstanz walikuwa watatu, mwanangu. Wewe ungemtii yupi?"

Jost alitoa kichupa cha mafuta, akakiweka kitandani.

"Na huyu mmoja wenu, nani aliwapatia?"

"Baba, sikuja kubishana."

"Umekuja kufanya nini?"

"Nimekuja kwa sababu ya lile neno la mlangoni," Jost alisema.

Baba yake alimshika mkono, akasema wote wawili walikuwa wamefiwa siku ile. Baada ya muda Jost alimuuliza kama anamwamini Kristo na Kanisa lake, akajibu, "Naamini," na Jost akampaka mafuta, akampa komunyo, bila kuuliza zaidi.

Alifariki tarehe 9 Februari 1451, baada ya Misa ya asubuhi, sisi wote tukiwepo.

Tunamshukuru tabibu Oswald, wanawake wa kiwandani waliokesha naye kwa zamu, majirani mliotuletea kuni na supu, na wachimba kaburi waliowasha moto tangu jana kuyeyusha udongo ulioganda wa bustani yetu, kwa kuwa uwanja wa kanisa haukufunguliwa. Padre Jost ameibariki ardhi hii mwenyewe, na ameagiza habari ya mafuta isomwe kama ilivyokuwa, jina lake likiwemo, ingawa paroko amemtuma mtu aje kusikiliza, yule pale karibu na ukuta. Kesho anarudi Kolmar kujieleza kwa wakuu wake, nasi hatujui watamfanya nini.

Baba, pumzika sasa. Jost yuko hapa, ndiye atakayemwaga udongo wa kwanza.