Mama wa Komisere ni Mumoja

Mukaribie, batoto bangu, mufunge mulango na mukae hapa nitabaona bote batatu, kwani sauti yangu haifike tena mbali, na maneno niko nayo ni mingi kuliko pumuzi. Télesphore, funga redio. Adélaïde, niinue kidogo na muto. Na wewe Cirhuza, mwenye ulishuka jana na ndege toka Kinshasa, tosha kwanza ile miwani ya jua, humu ndani hakuna mutu wa kukupiga foto.

Nitagawa kwanza bintu, juu hiyo iko rahisi. Nyumba hii ya Nyalukemba iko ya Adélaïde, aliyeninawisha na kunigeuza kitandani tangu nilianguka, na mutu asimutoshe humu, hata akija na karatasi ya nani. Shamba ya Luhwindja iko ya Télesphore, pamoja na ng'ombe yenye kubakia. Maleso yangu, Adélaïde agawane na bibi ya Télesphore, lakini hata moja, munanisikia, hata ile tunapangusiaka meza, isiende kwa Eulalie, mama-mukwe ya Cirhuza, mwenye alimuzalia bibi yake Virginie, hata akilia mbele ya batu bote na kusema anataka ukumbusho. Muniahidi.

Ndiyo, niko na wivu. Adélaïde, usinifinye mukono, acha niseme. Bibi ya pasta anaweza kufa na wivu sawa mutu mwingine yeyote.

Mimi njo nilimuzala Cirhuza, kule Luhwindja, mvua ikinyesha, baba yenu akiwa safarini kuhubiri, na baba yenu njo alimubatiza mu maji ya ziwa, akamuzamisha muzima muzima na kumutosha akikohoa, na sisi bote tukapiga vigelegele. Alikuwa anaimbaka mu kapela yetu ya Kadutu mupaka batu banasimama inje kumusikiliza. Kiisha ikafika mwaka wa soixante-dix-sept, sabini na saba, chama ikasema raia bachague bakomisere ya kwenda kukaa mu baraza ya sheria kule Kinshasa, na Cirhuza akataka, akazunguka Kabare, akazunguka Walungu, akarudi amechoka, akaniambia: «Maman, kule batu banaulizaka kwanza unasalia wapi, njo baulize jina.» Mimi nikamwambia tuombe. Eulalie yeye akamwambia: «Mwanangu, hiyo iko kazi kidogo.» Akamupeleka kwa padri, akamufundisha katekisimu mu saloni yake, na siku ya kumupokea mu kanisa akasimama nyuma yake, mukono ku bega yake, akakuwa marraine yake, mama yake wa dini. Mama-mukwe! Kwetu Bushi mama-mukwe anaheshimiwaka kwa mbali, mukwe hakule naye sahani moja, na huyu anamushika bega mbele ya katedrale nzima! Sasa yeye iko mama yake mara mbili. Mimi niko mara moja tu, na hata hiyo moja anainyemelea.

Kura ulipata, sikatai. Ulipata nyingi. Lakini unakumbuka siku nilikuuliza, Cirhuza, benzako ba ile baraza banasalia wapi? Ulicheka, ukasema karibu bote unajua balipita mu mikono ya bapadri, masomo, ndoa, kila kitu. Sisi Baprotestanti tunaenea ku benchi moja. Bakimbanguisti kidogo sana. Muislamu unajua mumoja, wa Maniema. Na benye kumwagia bazimu pombe, hakuna hata mumoja wa kuinua mukono, ijapokuwa bengine, nina hakika, bakirudi ku vijiji yabo banamwaga giza ikiingia. Nililala na ile maneno, sikupata usingizi. Kwani banaongea kwa jina ya nani? Mutoke siku ya Mungu mupande Kadutu, kila mutelemuko iko na ngoma yake na wimbo yake. Bakatolika banatushinda wingi humu Bushi, nitasema kweli niko kitandani ya kufa, lakini sisi hatuko benchi moja! Inje tuko bengi, ndani hatuonekane, juu kila mutoto wetu mwenye kukaribia ule mulango anavaa kwanza rozari. Chama iko moja, sawa, tumezoea. Nani alisema na misa ikuwe moja? Baba yenu alifundisha nusu ya bakarani ba muji huu kusoma, na siku ya kumuzika hata shefu wa mutaa hakufika. Iliniuma, ingali inaniuma. Ninabaonea wivu mupaka kengele yabo.

Na sasa banataka hata maiti yangu. Eulalie alikuja na supu ya kuku, akakaa pale, akanishika mukono na sauti ya asali: «Maman Nsimire, padri apite tu akupake mafuta, kiisha misa ikuwe mu katedrale na kwaya kubwa, juu uchaguzi iko karibu na batu batatazama.» Alikuwa amekwisha kuchagua nyimbo! Nyimbo ya kunizika mimi! Supu nilikunywa. Ilikuwa nzuri, na hiyo nayo ilinikasirisha. Na wewe, Cirhuza, leo asubuhi ukanirudilia maneno yake neno kwa neno.

Basi musikie agizo yangu. Mutanitosha mu kapela yetu, ile ya udongo, hata kama mabati inavuja. Muchana, soko ikiwa imejaa. Cirhuza, wewe utashika sanduku mbele, na abacost yako, ile suti ya chama, na mutapita mu barabara kubwa, kila mutu wa Kadutu aone uko mutoto wa nani. Bakikunyima kura, bakunyime. Sikuombe uache kanisa yako, utarudi huko kesho yake. Siku moja tu ukuwe wangu mbele ya batu. Na Eulalie akuje, mumupe kiti, kiti ya muzuri, lakini nyuma, pamoja na bageni.

Uko unahesabu kura, ninakuona.

Maji, Adélaïde... Inatosha. Télesphore, Adélaïde, mupendane, musipelekane ku tribinali juu ya udongo. Mungu abalinde, abape batoto ba kubazika vizuri, abape... abape amani mu nyumba. Cirhuza, piga magoti. Niombee, sawa baba yako alikuwa anaombeaka bagonjwa.

Ah. Mukono yako inaenda wapi? Ku uso... ku kifua... Hukujua hata. Imekwenda yenyewe. Miaka mitano tu, na mukono nilifundisha kushika kijiko...

Hapana, usiifiche. Ilete. Iko na moto. Weka hapa ku uso yangu, fanya ile musalaba yabo, kama njo ile inajua... pole pole... Baba yenu atanielewa, ao hatanielewa.

Utanibeba?

Sisikie.

Unalia... Basi utanibeba. Mutu hawezi kulia hivi juu ya kura. Adélaïde, acha... musimupanguse. Eulalie amekaa pale inje na bageni. Mwanangu atoke hivi hivi, na machozi yangu, ya kunililia mimi, ku uso... ayaone.