Mama Tokilupe Taufa, Aliyesoma Sura Nzima Mbele ya Kaka Yake

Wapendwa mlioketi juu ya mikeka aliyoisuka kwa mikono yake, haya ndiyo maisha ya Tokilupe Moala Taufa, tunayemzika leo Ijumaa, tarehe 14 Julai 2023, hapa Fangaloto, visiwani Vava'u.

Alizaliwa tarehe 3 Februari 1957, mtoto wa pili wa mzee Moala na mama Siniva. Kaka yake Penisimani alimtangulia kwa miaka minne. Mvua ilinyesha sana siku ile hata mkunga akachelewa, na alipofika alimkuta mtoto keshafungwa kitambaa cha meza. Mama Siniva alikuwa akisema, "Huyu hakusubiri mtu."

Alisoma shule ya msingi hapa kijijini kuanzia 1963, kisha miaka miwili ya sekondari mjini Neiafu. Hesabu zilimshinda, ila kwa kukariri hakuwa na mwenzake. Alipokuwa na miaka tisa, Jumapili ya Watoto, jirani yake alikwama katikati ya mistari yake. Tokilupe akamsaidia kuimalizia. Akaona si vibaya, akasema na ya mtoto aliyefuata, na ya yule wa tatu, mpaka mwalimu akamvuta sketi. "Keti, wewe. Utawamalizia wenzio wote?" Akajibu, "Wanachelewa."

Familia imeombwa iuandike mwaka 1974 kwa maneno laini, iseme tu kwamba alipitia majaribu. Hakupitia majaribu. Alifanyiwa uovu. Mhubiri mgeni aliyelala nyumbani kwao majuma mawili, akichinjiwa kuku na kupewa godoro la pekee la nyumba ile, alimbaka. Tokilupe alikuwa na miaka kumi na saba. Alipomwambia mama yake, mama alilia, kisha akamshika mdomo. "Nyamaza, mwanangu. Kaka yako hawezi kuyasikia, na wewe huwezi kuyatamka akiwepo."

Kwetu kaka na dada huheshimiana hivyo. Jambo la mwilini likitajwa wote wawili wakiwepo, mmoja hutoka nje. Ni heshima nzuri, tumelelewa nayo. Lakini mwaka ule iligeuzwa kufuli, na aliyefaidi ni mkosaji. Jumapili iliyofuata alipanda mimbarini akahubiri juu ya usafi wa moyo, na Tokilupe yuko kwenye kwaya, anaimba.

Tarehe 8 Desemba 1979 alifunga ndoa na Saia Taufa, mkulima wa viazi vikuu na vanila. Kabla ya harusi alimweleza yote, maana hakutaka kuolewa na siri. Saia alikuna magoti yake, akasema, "Basi nitakujengea jiko lenye komeo kwa ndani." Akalijenga kabla hata ya kujenga chumba cha kulala. Walipata watoto watatu. Saia alitangulia mbele za haki mwaka 2015.

Kazi yake ilikuwa kusuka mikeka na kufundisha watoto Jumapili. Mikeka yake ilivaliwa viunoni, kama tunavyovaa kwa heshima, mpaka Auckland, na kama umewahi kuivaa unajua haikwaruzi.

Mwezi Aprili 1999 Luseane, binti wa Penisimani, akiwa na miaka kumi na mitano, alikuja jikoni kwa shangazi yake na kukaza komeo. Kilichomleta ni uovu aliotendewa na mwalimu wa kwaya. Jina la mtu huyo halitachapwa karatasi moja na jina la marehemu.

Kabla Tokilupe hajajua la kufanya, ndugu za mwalimu yule walikuwa wamekwisha kupiga magoti mlangoni kwa Penisimani, wamevaa mikeka iliyochanika na majani shingoni, kama ilivyo desturi ya kuomba radhi. Walileta nguruwe na mikeka mikubwa miwili. Walisema kijana wao "amemkosea binti adabu". Penisimani alidhani binti katolewa maneno machafu tu. Hakuuliza zaidi, na hakuna aliyeweza kumwambia: mkewe aliona haya, binti aliogopa, dada amefungwa na heshima. Wakanywa kava, kinywaji cha mapatano, jambo likatangazwa limekwisha. Mchungaji wa wakati ule akamshukuru Mungu kwa amani. Amani ya nani? Binti aliambiwa arudi kwaya Jumatano, kwa mwalimu yuleyule.

Tarehe 9 Mei ilikuwa Jumapili ya Akina Mama, siku ambayo kina mama ndio husimama mbele na kusema Maandiko kwa moyo. Tokilupe alikuwa amepewa mistari minane ya zaburi. Alisimama na gauni lake jeupe, akaanza sura nyingine ya Maandiko. Alisema kisa cha binti wa mfalme aliyeharibiwa na ndugu yake nyumbani, akaambiwa anyamaze, na baba yake akakasirika lakini asifanye kitu. Hakuongeza neno lake hata moja. Macho yake yalikuwa kwa kaka yake.

Penisimani alishika benchi anyanyuke, kama desturi inavyomtaka. Lakini nani atatoka nje Neno la Mungu likisomwa? Akaketi. Mzee wa kanisa akanong'ona, "Mama Tokilupe, muda."

"Bado mistari kumi na saba. Tulia, baba."

Akaimaliza sura nzima.

Baada ya ibada Penisimani alimfuata ukutani kwa nje. Aligeuza uso kwenye ukuta ili asimtazame. "Dada, ni Luseane?"

"Ni Luseane. Na kabla yake, ni mimi."

Wanasema alikaa na ule ukuta mpaka watu wote wakaenda kula. Jumatatu alirudisha mikeka miwili. Nguruwe alikuwa keshaliwa, kwa hiyo akafunga kamba nguruwe wake mwenyewe, akampeleka. Kisha akaenda na binti yake polisi. Mwalimu wa kwaya alihukumiwa miaka minne.

Tarehe 6 Juni 1999 kanisa liliandika barua. Hakuandikiwa mwalimu wa kwaya. Aliandikiwa Tokilupe, azuiwe Meza ya Bwana mpaka atubu, "kwa kulitumia Neno la Mungu kama rungu". Kila Jumapili aliendelea kuja, akiketi benchi la nyuma. Mzee mmoja alipomshauri aombe tu radhi yaishe, alimjibu, "Baba, mimi nimesoma tu. Mwandishi si mimi." Miaka tisa kikombe kilimpita. Mwaka 2008 mchungaji mpya alikileta mwenyewe mpaka benchi la nyuma, bila kudai kitu. Tokilupe akanywa. "Ahsante, mwanangu," akasema. "Mmechelewa." Barua ile haijafutwa hata leo.

Kuanzia mwaka uleule wa barua, kila Alhamisi wanawake walikusanyika jikoni kwake kusuka. Aliyetaka kusema alisema, aliyetaka kulia alilia, na mikono haikusimama. Sheria ilikuwa moja: atakayemwambia mwenziwe "samehe tu" ataingia baharini kuyatoa majani ya mkadi ya kusukia yaliyolowekwa, yenye uvundo wa majuma mawili. Kalolaini, mke wa mchungaji huyo mpya, alipokuja mara ya kwanza alisema, kwa upole wake, "Lakini mama, tukisamehe tu..."

"Bahari ile pale."

"Na gauni hili la kanisani?"

"Litakauka."

Akaingia. Alipotoka, maji yanamchuruzika na kina mama wanacheka mpaka wanashikana, aliketi chini, naye akaanza kusimulia ya kwake. Hakuna aliyecheka tena.

Wapo waliokuja wakiwa hawalali usiku na sasa wanalala. Tokilupe hakuwahi kusema amewaponya. Alisema, "Nimewapa mahali pa kukaa. Mungu naye si mvivu."

Kisukari kilimwanza mwaka 2011. Machi 2022 alikatwa mguu wa kushoto, akadai asukumiwe kiti chake Alhamisi iliyofuata. Juni mwaka huu figo zilichoka. Alifariki Jumanne tarehe 11 Julai, saa kumi na moja alfajiri, Luseane akiwa amemshika mkono. Alikuwa na miaka sitini na sita.

Juzi Jumatano wazee wa kanisa walikuja kuhani. Tunawashukuru kwa chakula. Waliomba pia kwamba sehemu ya 1974 na ya 1999 ziachwe, kwa kuwa kuna wageni kutoka ng'ambo, na tuandike kwamba alikuwa mama mpole. Hakuwa mpole. Mzee Penisimani, mwenye miaka sabini, ambaye kwa desturi hakupaswa hata kuwemo chumbani alimolazwa dada yake, aliwajibu kutoka mlangoni: "Dada yangu alisoma nami nipo. Leo someni, naye yupo." Ndiyo maana mmesikia yote.

Ameacha kaka mmoja, Penisimani; watoto watatu, Vika, Paula na Latu, pamoja na wenzi wao; wajukuu wanane; na Luseane, aliyetaka mwenyewe jina lake lichapwe. Ameacha pia wanawake thelathini na wanne wa Alhamisi. Ila la Kalolaini, aliyelitoa mwenyewe, majina yao hayapo hapa, kwa sababu kuyatoa ni haki yao wenyewe. Wengine mmeketi nao benchi moja sasa hivi.

Mungu ampe mama yetu pumziko. Sisi tuliobaki tusipumzike kwanza. Alhamisi jiko liko wazi.