Siku Mama Kimya Alipojiita Mwenyewe Mlangoni

Tarehe thelathini mwezi huu Mama Kimya anastaafu, baada ya kuitumikia mahakama hii miaka thelathini na miwili. Baraza la rufaa la watumishi wa umma lilisema ni ishirini na sita. Hapo ndipo penye mambo yote. Masjala wameniomba niandike mimi, mjukuu wake, kwa sababu wao, wanasema, akili bado hazijawarudi. Zangu pia bado, ila mimi kusema ndiko kunakonishinda. Kuandika naweza.

Alianza kama kibarua wa kufagia korido. Siku moja mhudumu wa kuita kesi aliugua, Bibi akaweka fagio chini, akafungua mlango, akaita. Wanasema hata mahabusu wa ghorofa ya chini waliitika. Kazi ikawa yake. Kila mwenye kesi humwita mara tatu, na ndani akisema "Kimya!" hata feni inasitasita. Aliwahi kumkemea wakili aliyekuwa anapiga chafya, na wakili akaomba radhi. Jina lake halisi likapotea humo humo. Mhasibu mwenyewe akimtafuta huuliza, "Jamani, Mama Kimya kapita?"

Nyumbani ni yule yule. Nikichelewa kuamka ananiita, wanaamka majirani.

Mtumishi aliyetimiza miaka thelathini hubaki na bima ya matibabu akistaafu, yeye na wategemezi wake. Bibi alipoiomba, idara ilikataa. Akakata rufaa, na baraza likakubaliana na idara: miaka sita ya ukibarua haihesabiki. Hakumwambia mtu. Akaiomba mahakama iipitie amri ile, na masjala wakapokea maombi bila kujua jina lile ni la nani. Yeye akaendelea kuita kesi za watu.

Jaji wetu alikuwa likizo, akaletwa mwingine kutoka kituo kingine. Shule zilikuwa zimefungwa, nami nilikaa benchi la nyuma nikimsubiri Bibi. Akatoka mlangoni akamwita mwombaji, na jina lilikuwa lake halisi. Nikashtuka, kisha nikajiambia majina hufanana. Akaita mara ya pili. Karani akanong'ona, "Huyu naye ameshakimbia." Mara ya tatu Bibi akajijibu mwenyewe, "Nipo!" Akavua koti la sare, akalikunja juu ya kiti chake, akaenda kusimama upande wa waombaji.

Karani alidondosha muhuri. Wakili wa serikali aligeuka kuangalia mlango, kama vile mwombaji bado yuko njiani. Halafu hati ya kiapo ikasomwa, nikajisikia mwenyewe ndani yake: mtegemezi, ana kifafa, anatumia dawa kila siku. Nilitamani ardhi ipasuke. Sikuwa nimejua. Kesi yote ile ilikuwa yangu.

Uamuzi ulisomwa wiki iliyofuata, kwa Kiingereza, lugha ninayosomea shuleni. Bibi anaielewa vizuri, lakini siku hiyo masikio yalimgomea. Badala ya kumtazama jaji, alinikazia macho mimi. Jaji alisema kazi yake si kugawa bima, ni kuangalia kama baraza lilitenda haki, na baraza liliamua bila kumsikiliza mhusika. Amri ikatenguliwa. Wakamsikilize upya, na mtegemezi wake pia. Nikamwitikia kwa kichwa kwamba tumeshinda, na Bibi akakaa puu! Hakuna aliyewahi kumwona akikaa mbele ya jaji.

Bibi, wenzako wanakushukuru kwa sauti iliyowapanga watu bila kumdharau hata mmoja. Mhasibu anasema korido sasa itatisha kwa ukimya. Karani anaomba umsamehe kwa lile neno la kukimbia. Sote tunakuombea ustaafu wenye afya na usingizi wa kutosha.

Nami najua umesema nisijilazimishe, kwamba barua ya daktari itatosha. Nimekataa. Mbele ya baraza wewe utakaa, Bibi. Atakayesimama kusema ni mimi.